Kukimbia Mbele: Ukuaji wa Mbinu katika Mbio za Afrika Mashariki, 1954 hadi 2025

Mada hii inahusu mbinu katika mbio za kati na mbio ndefu. Ukimaliza kuisoma unatakiwa uweze kutofautisha mkakati na mbinu, kueleza jinsi wanariadha wa Afrika Mashariki walivyozikuza, na kutumia muda wa mizunguko kama ushahidi wa hoja yako. Hilo la mwisho ndilo linalowapotezea wanafunzi alama, kwa hiyo tutalikalia kuliko mengine.

Mwanafunzi wa Tengeru, Usa River au kijiji chochote cha mlimani Meru ana bahati moja katika mada hii. Akiamka alfajiri anaweza kuliona jambo lenyewe: wanariadha wakipita kando ya barabara ya Arusha–Moshi, au wakipandisha njia za vumbi kuelekea mlimani. Mmoja yuko mbele, wengine wamejipanga nyuma yake. Ukimwuliza mtu yeyote kwa nini watu wa huku wanakimbia vizuri, atakujibu haraka: hewa ya mlimani, maziwa, kutembea mbali kwenda shule, damu. Majibu hayo yana ukweli kiasi, lakini hayatoshi. Hewa ya mlimani haijawahi kumwambia mtu aongoze tangu mzunguko wa kwanza, au asubiri mita mia za mwisho. Huo ni uamuzi wa kichwa, na uamuzi huo una historia yake.

MKAKATI NA MBINU

Mkakati ni mpango unaowekwa kabla ya mbio: tutakimbia kwa kasi gani, nani aongoze, ni mpinzani gani wa kuogopwa na kwa sababu gani. Mbinu ni kitendo kinachofanyika ndani ya mbio ili kuutekeleza mpango huo, au kuuokoa unapoharibika: kuongeza kasi ghafla, kujificha nyuma ya mwingine, kupita kwa nje kwenye kona. Katika mazungumzo ya kawaida watu huyachanganya maneno haya, na si kosa kubwa. Kwenye karatasi ya mtihani yatenganishe.

Mkimbiaji wa mita 1,500 ana njia kuu mbili za kuchagua. Anaweza kusubiri: akae nyuma ya anayeongoza, akingwe upepo, asiumize kichwa kuhusu kasi, kisha achomoke mwishoni. Au anaweza kukimbia mbele tangu mwanzo na kuwalazimisha wengine wamfuate kwa kasi anayoitaka yeye.

Kwa haraka utaona kwamba kusubiri ndiko kwenye akili. Mkimbiaji bora wa mita 1,500 huenda takriban mita 7 kwa sekunde, na kwa kasi hiyo anayeongoza anaukata upepo peke yake huku walio nyuma wakipumzika kidogo. Lakini anayesubiri naye analipa. Kila njia ya uwanja wa mita 400 ina upana wa mita 1.22. Anayelazimika kukimbia kwenye njia ya pili mzunguko mzima anaongeza umbali wa 2 × π × 1.22, yaani karibu mita 7.7. Tena anaweza kuzibiwa. Fikiria soko la Tengeru siku ya soko, mikungu ya ndizi inaposhushwa na watu wamejaa njiani. Aliye mbele ya msongamano huchagua pa kupita. Aliye katikati huenda anakopelekwa, hata kama ana nguvu za kukimbia. Anayeongoza mbio hazibiwi na mtu.

LONDON, 1954

Julai 1954 wanariadha wa Kenya walikimbia katika uwanja wa White City, London, wakiwa safarini kwenda kwenye michezo ya Jumuiya ya Madola iliyofanyika Vancouver, Kanada. Lazaro Chepkwony aliingia mbio za maili sita akiongeza kasi na kupunguza, akiongeza na kupunguza, hadi maumivu yakamtoa kabla ya mwisho. Nyandika Maiyoro alitimka mbele katika maili tatu akawaacha wenyeji kwa umbali mkubwa. Waingereza Fred Green na Chris Chataway walimfikia, wakampita, na wote wawili wakavunja rekodi ya dunia. Maiyoro alimaliza wa tatu.

Kwa watazamaji wa Uingereza wa wakati ule, jambo lilikuwa wazi: hawa ni watu wenye nguvu wasiojua kupanga kasi. Usiinakili hukumu hiyo kwenye jibu lako kana kwamba ni ukweli uliothibitishwa. Ilikuwa enzi ya ukoloni, na kumwona Mwafrika kama mwili usio na mpango ilikuwa sehemu ya enzi hiyo. Tazama matokeo yaliyofuata: Maiyoro alikuwa wa nne katika maili tatu huko Vancouver, na miaka miwili baadaye, katika Olimpiki ya Melbourne, akawa wa saba duniani katika mita 5,000. Mtu asiyejifunza hafiki hapo. Lakini pia usiende upande wa pili ukadai kwamba London alikuwa na mkakati kamili. Kinachoonekana ni kwamba mbinu ya kutangulia ilikuwapo tayari. Kilichopungua ni kujua ni kasi gani mwili utaweza kuibeba hadi mwisho.

MEXICO, 1968

Olimpiki ya 1968 ilifanyika Mexico City, mita 2,240 juu ya usawa wa bahari. Huko hewa ni nyepesi, na kila pumzi huleta oksijeni kidogo kuliko pwani. Katika mita 1,500 aliyeogopwa na wote alikuwa Jim Ryun wa Marekani, mwenye rekodi ya dunia ya 3:33.1 aliyoiweka mwaka 1967. Silaha yake ilikuwa umaliziaji. Mbio zikienda taratibu hadi kengele ya mzunguko wa mwisho, hapakuwa na mtu wa kumzuia.

Hapa ndipo unapoona mkakati wa kweli, tena wa watu wawili. Mkenya Ben Jipcho aliongoza mzunguko wa kwanza kwa takriban sekunde 56, kasi ambayo wengi waliiona haiwezekani katika hewa ile. Kipchoge Keino akapokea uongozi na kuendelea. Ryun alikaa nyuma, akitumaini kwamba walio mbele wangechoka. Hawakuchoka kiasi cha kumtosha. Keino alimaliza kwa 3:34.91 na Ryun kwa 3:37.89. Tofauti ni karibu sekunde tatu, yaani takriban mita 20, na katika fainali ya mita 1,500 huo ni umbali mkubwa mno. Jipcho alimaliza wa kumi.

Jiulize mpango huo ulilenga nini. Haukulenga kumshinda Ryun katika jambo alilolijua zaidi. Ulilenga kulifanya jambo hilo lisitokee kabisa. Ukiweza kuandika sentensi hiyo kwa maneno yako mwenyewe na kuithibitisha kwa muda wa mzunguko wa kwanza, swali la Mexico umelijibu.

CHRISTCHURCH, 1974

Filbert Bayi ni mwana wa Karatu. Mwaka 1972, katika Olimpiki ya Munich, aliingia mita 1,500 na mita 3,000 za kuruka viunzi na maji, na hakuvuka mchujo wa mbio hata moja. Januari 1973 alishinda mita 1,500 katika Michezo ya Afrika mjini Lagos akimwacha Keino nafasi ya pili. Majira ya joto ya mwaka huo alikimbia Ulaya kwa mtindo uliowashangaza watu, akitoka mbele peke yake kama anayefukuzwa. Si kila mara ulifanikiwa. Stockholm, katika mbio za maili moja, Jipcho yuleyule wa Mexico alimfikia na kumpita. Soma mwaka 1973 kama mwaka wa mazoezi ya wazi: Bayi alikuwa akiupima mtindo wake mbele ya wapinzani wake, na wao walikuwa wakimpima yeye.

Fainali ya mita 1,500 ya Michezo ya Jumuiya ya Madola ilifanyika Christchurch, New Zealand, tarehe 2 Februari 1974. Wenyeji walikuwa na John Walker na Rod Dixon. Jipcho naye alikuwapo. Bayi alitoka mbele mara tu baada ya kuanza, na hakuna aliyempita hadi mwisho. Huu ndio muda wake, uliokaribishwa kwenye sekunde nzima. Ujifunze vizuri, kwa sababu mengine yote yanatokana nao.

Mita 400: sekunde 55
Mita 800: 1:52 (mzunguko wa pili, sekunde 57)
Mita 1,200: 2:51 (mzunguko wa tatu, sekunde 59)
Mita 1,500: 3:32 (mita 300 za mwisho, sekunde 41)

Muda rasmi ulikuwa 3:32.16, rekodi mpya ya dunia.

Sasa fanya hesabu. Sekunde 212.16 ukizigawa kwa mizunguko 3.75 unapata wastani wa sekunde 56.6 kwa kila mita 400. Mzunguko wa kwanza, ule uliowafanya watu waseme kijana huyu amejiua, ulikuwa mbele ya wastani huo kwa sekunde moja na nusu hivi. Ulionekana wa wazimu kwa sababu wengine walikuwa wamezoea kuanza polepole. Kwa mtu anayetaka 3:32 haukuwa wazimu.

Kisha tazama mzunguko wa tatu. Kasi imeshuka hadi sekunde 59, na kundi la nyuma linamkaribia. Hapa wanafunzi wengi huandika kwamba Bayi alianza kuchoka. Hilo linawezekana kwa sehemu, lakini lazima ulipime kwa mstari unaofuata. Mita 300 kwa sekunde 41 ni sawa na mita 400 kwa takriban sekunde 55. Yaani alimaliza kwa kasi aliyoanza nayo. Mtu aliyeishiwa harudi kwenye kasi ya mzunguko wake wa kwanza. Bayi alipumua katikati, akawaacha wapinzani watumie nguvu kuziba pengo, kisha akaondoka tena walipofika. Huyo ni mtu anayeongoza mbio kwa maana zote mbili za neno.

Walker alimaliza wa pili kwa 3:32.52, naye pia chini ya rekodi ya zamani ya Ryun. Jipcho alikuwa wa tatu kwa 3:33.16. Kukimbia mbele kulimpa Bayi ushindi na kukawavuta wengine hadi kwenye muda ambao pengine wasingeufikia kwa kusubiriana. Rekodi hiyo ya dunia ilidumu hadi 1979, alipoivunja Sebastian Coe wa Uingereza. Kama rekodi ya Michezo ya Jumuiya ya Madola iliishi zaidi: ilivunjwa Birmingham mwaka 2022, miaka 48 baadaye.

Kwa kifupi tu: tarehe 17 Mei 1975, Kingston, Jamaika, Bayi alivunja pia rekodi ya maili moja kwa 3:51.0. Agosti mwaka huohuo Walker akaishusha hadi 3:49.4.

GHARAMA YA KUTANGULIA

Hapa majibu mengi huishia, kwa shangwe. Jibu zuri linaendelea, kwa sababu mbinu isiyo na gharama haipo, na wapinzani hujifunza.

Pambano la Bayi na Walker lililosubiriwa katika Olimpiki ya Montreal, 1976, halikufanyika. Nchi nyingi za Afrika, Tanzania ikiwamo, zilisusia michezo hiyo kupinga New Zealand kuruhusiwa kushiriki ilhali timu yake ya raga ilikuwa imezuru Afrika Kusini ya makaburu. Walker alishinda medali ya dhahabu kwa 3:39.17. Linganisha na 3:32.52 aliyokimbia akimfukuza Bayi. Mbio zisizo na mtu wa kuzivuta zilirudi kuwa za kusubiriana. Kwa maoni yangu huu ni ushahidi mkubwa wa nguvu ya mbinu ya Bayi, ingawa yeye hakuwapo uwanjani.

Edmonton, 1978, Bayi alipoteza taji lake la Jumuiya ya Madola kwa David Moorcroft wa Uingereza, 3:35.48 dhidi ya 3:35.59. Moscow, 1980, alikimbia mita 3,000 za kuruka viunzi na maji kwa mtindo uleule, akawa mbele sana, lakini Bronisław Malinowski wa Poland akamfikia na kumpita katika mzunguko wa mwisho. Bayi alipata fedha. Michezo hiyohiyo Suleiman Nyambui naye alipata fedha katika mita 5,000, nyuma ya Miruts Yifter wa Ethiopia, mtu aliyesifika kwa kuchomoka mwishoni.

Mtindo wa kutangulia haukuishia kwa Bayi. Katika marathoni ya Brisbane, 1982, Juma Ikangaa na Gidamis Shahanga walitangulia na kuwaacha wengine. Mwenyeji Robert de Castella alisubiri, akawafukuza taratibu, akamshinda Ikangaa kwa 2:09:18 dhidi ya 2:09:30. Boston, 1988, Ikangaa alishindwa na Mkenya Ibrahim Hussein kwa sekunde moja tu, 2:08:43 na 2:08:44. Alikuwa wa pili Boston miaka mitatu mfululizo. Lakini New York, 1989, alikimbia 2:08:01 na kushinda. Mtahini anaweza kukuuliza kama Ikangaa alifaulu au alishindwa. Usichague neno moja. Sema mbinu yake ilimweka karibu na ushindi mara nyingi, na ilimwacha wazi kwa mtu mwenye subira.

Sasa vuka miaka mingi hadi Tokyo, 15 Septemba 2025. Alphonce Simbu, mzaliwa wa Singida, alishinda marathoni ya Mashindano ya Dunia kwa 2:09:48. Aliyemfuata, Amanal Petros wa Ujerumani, alipewa muda uleule wa 2:09:48. Walitenganishwa na sehemu tatu za mia za sekunde. Petros ndiye aliyekuwa mbele walipoingia mita za mwisho. Mtanzania wa kwanza kuwa bingwa wa dunia katika riadha alishinda kwa kufanya kile ambacho Malinowski, Moorcroft na de Castella waliwafanyia Watanzania waliomtangulia. Alisubiri.

JINSI YA KUJIBU

Chukua swali kama hili: "Wanariadha wa Afrika Mashariki walishinda kwa kipaji, si kwa mpango. Jadili." Jibu dhaifu litasema: Bayi alikuwa na kipaji kikubwa, alijituma na aliipenda nchi yake. Hakuna uongo hapo, lakini hakuna ushahidi pia. Sentensi hiyo unaweza kuiandika juu ya mwanariadha yeyote duniani. Jibu lenye nguvu litasema: katika fainali ya 1974 Bayi alipunguza kasi hadi sekunde 59 katika mzunguko wa tatu, kisha akakimbia mita 300 za mwisho kwa kasi sawa na ya mzunguko wa kwanza, jambo linaloonyesha kwamba alikuwa ametunza nguvu kwa makusudi. Umetaja tukio, umetoa namba, umesema namba hiyo inathibitisha nini.

Neno "jadili" linadai upande wa pili pia. Kipaji na mazoezi ya mwinuko vilikuwapo, vikiwekee nafasi yake. Ila kumbuka kwamba Bayi wa Munich na Bayi wa Christchurch walikuwa mtu mmoja aliyezaliwa Karatu ileile. Katika miezi kumi na saba hivi kilichobadilika hakikuwa damu.

KAZI YA UWANJANI

Fanyeni kazi hii kwenye uwanja wa shule; kama haujachorwa, pimeni mzunguko kwa kamba. Wanafunzi wanne wakimbie mizunguko miwili. Mara ya kwanza mmoja aongoze tangu mwanzo, wengine watatu wakae nyuma yake. Baada ya siku mbili warudie bila mtu kuruhusiwa kuongoza kwa kasi hadi mita 200 za mwisho. Mtunza muda aandike muda wa kila mita 200 kwa kila mkimbiaji, kwa saa au kwa simu ya mwalimu. Linganisheni muda wa mshindi katika siku zote mbili, na muda wa aliyemaliza wa mwisho. Mara nyingi wa mwisho ndiye mwenye habari ya kushangaza zaidi.

MASWALI YA MARUDIO

1. Tofautisha mkakati na mbinu kwa kutumia mfano wa Keino na Jipcho, Mexico 1968.

2. Mkimbiaji anakimbia mizunguko miwili kamili kwenye njia ya pili ya uwanja. Anaongeza umbali gani? Onyesha hesabu yako.

3. Kwa nini hukumu ya watazamaji wa London mwaka 1954 isichukuliwe kama ushahidi tosha kuhusu Maiyoro na Chepkwony?

4. "Mzunguko wa tatu wa Bayi unaonyesha uchovu." Kanusha au tetea kauli hii kwa kutumia muda wa Christchurch.

5. Walker alikimbia 3:32.52 mwaka 1974 na 3:39.17 mwaka 1976, na mara ya pili ndipo alipata dhahabu. Eleza.

6. Wewe ni kocha wa Bayi, Moscow 1980, na unajua kwamba Malinowski ni hodari wa mzunguko wa mwisho. Andika mkakati wa mistari kumi, ukieleza ungempa kasi gani katika kila theluthi ya mbio na kwa nini.